Mbuzi, Sehemu ya Tatu

Mutunga, mshonaji viatu wa Kariokor, hakuwahi kupoteza picha ya mtu. Harusi, ubatizo na mazishi ya ukoo mzima aliyahifadhi katika kompyuta kuukuu sebuleni kwake Kaloleni, hata jamaa wakamwita Makumbusho.

Jumamosi wakwe watarajiwa wa bintiye, Mwongeli, wangeleta ntheo: mbuzi watatu ambao bila wao, kwa Wakamba, ndoa si ndoa. Lakini binti hapokelewi mbuzi ikiwa baba mtu hakutoa wa mama mtu. Basi Jumatano adhuhuri Mzee Munyoki, baba mdogo wa Koki mkewe Mutunga, alifika akiwa na fimbo na shaka.

"Mbuzi wa Koki mimi siwakumbuki," alisema.

"Mzee, nina video."

Mutunga akawasha kompyuta. Zamani aliipa video hiyo jina "Mbuzi 3", maana mbuzi walikuwa watatu. Lakini juzi alikuwa ameweka programu mpya ya kupanga video, nayo, kwa bidii isiyoombwa, ikaamua kuwa hiyo ni filamu ya kutisha, ikaiita "Mbuzi, Sehemu ya Tatu". Ikaipamba kwa fuvu lenye pembe na onyo kwamba haifai watoto.

Mzee akavaa miwani. "Sehemu ya tatu! Ya kwanza na ya pili ziko wapi? Nyinyi mlianza kuoa katikati?"

"Baba, hii mashine inatuchomea mbele ya mzee," Mwongeli alinong'ona.

Jasho likimtoka, Mutunga akafuta jina, akaandika "Ntheo ya Koki", akaizuia programu isiliguse tena. Akabonyeza. Skrini ikawa nyeusi tii. Ikaja sauti tu. Mbuzi akalia. Kisha mtu akapiga ukelele: "Mshikeni huyo! Amekula kofia yangu!"

Fimbo ya mzee ikaanguka. Sauti ilikuwa yake mwenyewe.

"Miaka ishirini na mitano," akasema polepole, "nimemnunia ndugu yangu Mutisya nikidhani aliiba kofia ile. Kumbe nilisahau kuwa ililiwa na mbuzi."

Mutunga akaibadilisha video iwe ya aina ambayo kompyuta ingeielewa. Vikombe vitatu vya chai baadaye, picha ikatokea: Munyoki, kipara kikimeta, akiwafukuza mbuzi uani. Mzee akaokota fimbo, akahesabu akigusa skrini: mmoja, wawili, na wa tatu huyo akitafuna.

"Ntheo ilitolewa," akatangaza. "Waje Jumamosi. Ila mbuzi wafungwe midomo."

Jumamosi alifika kabla ya wageni wote, akaketi mbele, kofia yake ameikalia.