Dada wa Mlinzi wa Geti

Judica alipokwenda Guangzhou kusomea ufamasia, aliyemsindikiza uwanja wa ndege ni kaka yake, Eliakimu, akiwa bado na sare ya kazi. Eliakimu alikuwa mlinzi kwenye geti la ubalozi wa Marekani jijini Dar es Salaam. Kampuni iliyomwajiri ilimpa fimbo ndefu yenye kioo mwishoni, na kazi yake ilikuwa kukipitisha kioo hicho chini ya kila gari lililotaka kuingia.

"Wewe nenda kasome dawa za matumbo ya watu," alimwambia dada yake siku ile. "Matumbo ya magari niachie mimi."

Kazi hiyo hakuichagua kwa kuipenda. Baba yao alipofariki, Eliakimu aliacha shule ili Judica aendelee, na hakuwahi kumsimanga kwa hilo hata siku walizogombana.

Huko Guangzhou Judica alipangiwa chumba kimoja na Mwanakhamis, Mzanzibari aliyekuwa akisoma Kichina. Ijumaa moja ya Agosti 1998, chuo kikiwa likizo, walikuwa chumbani jioni, Judica akifumua nywele, Mwanakhamis akizungusha kitufe cha redio kuitafuta idhaa ya Kiswahili. Wakasikia habari ya Nairobi, kisha ya Dar es Salaam. Mabomu yalikuwa yamelipuliwa asubuhi ile kwenye balozi za Marekani, na watu walikuwa wamekufa kote kuwili.

"Shoga yangu, kaka yako leo alikuwa zamu?" Mwanakhamis aliuliza taratibu.

"Sijui," Judica alijibu. Alikuwa anajua. Ijumaa Eliakimu aliingia kazini alfajiri.

Simu za nyumbani hazikupatikana jioni ile, wala kulipokucha. Alipompata baba yake mdogo hatimaye, sauti ilikuja kwa mbali, imejaa mikwaruzo.

"Judica, mwanangu, uko na mtu hapo?"

"Niko na Mwanakhamis."

"Basi mshike mkono."

Baba mdogo akamweleza. Gari lililobeba bomu halikuingia ndani, lililipukia nje ya geti, na Eliakimu alikuwa pale pale. Wangempeleka Usangi, Upareni, akapumzike karibu na baba yake. Jeneza lisingefunguliwa. Judica aliuliza kwa nini lisifunguliwe, na kabla ya kujibiwa akaomba asijibiwe.

Mazishi hakuyawahi. Kwa majuma kadhaa alikuwa mtu wa kulala ameelekea ukutani. Aliyemnyanyua, pamoja na Mwanakhamis, ni Peizhen, msichana wa pale pale Guangzhou ambaye Judica alifanya naye kazi meza moja maabara. Peizhen alikuja kila asubuhi na uji wa mchele aliopika mama yake, akakaa ukingoni mwa kitanda mpaka bakuli liwe tupu. Hakujua la kusema na hakujifanya anajua. Judica alimpenda kwa hilo kuliko kwa uji wenyewe.

Mwaka uliofuata, mwezi wa Mei, ndege za NATO, za jeshi la Marekani, ziliupiga ubalozi wa China mjini Belgrade, katika vita vya Yugoslavia. Waandishi wa habari watatu wa Kichina waliuawa. Chuo kizima kiliingia msibani, na hasira ikafuata. Peizhen alikuja hosteli macho mekundu, kitambaa cheupe kimefungwa kichwani.

"Tunakwenda Shamian, kwenye ubalozi mdogo wa Marekani," alisema. "Twende wote. Wewe unaujua uchungu huu."

Mwanakhamis alimvuta Judica pembeni. "Usende. Haya si yetu."

"Yeye alikuja kwenye msiba wangu," Judica alisema, akavaa viatu.

Shamian ni kisiwa kidogo kando ya mto, chenye majumba ya zamani na miti mikubwa ya vivuli. Siku ile barabara zake zilifurika watu. Judica alitembea mkono kwa mkono na Peizhen, akaimba walichoimba, na moyo wake ulikuwa pamoja nao. Walipofika karibu na geti la ubalozi ndipo mawe yalipoanza kurushwa.

Mbele ya geti walisimama askari wa Kichina wamejipanga mstari mmoja, wameupa ubalozi mgongo. "Nyie Wachina gani?" kijana mmoja aliwapigia kelele. "Mnamlinda nani?" Kipande cha tofali kiliruka, kikampata askari mmoja juu ya sikio. Damu ikamshuka shingoni. Askari hakuinua hata mkono kujifuta. Alikuwa rika la Eliakimu.

Judica aliuachia mkono wa Peizhen. Alifungua skafu yake, akapenya watu, akamfikia askari yule na kumkandamizia skafu kwenye jeraha. Askari alimtazama kama mtu aliyeamshwa usingizini, akamwambia kwa sauti ndogo, "Ondoka. Watakuumiza."

"Mmarekani!" mtu alisema nyuma yake. "Mmarekani huyu, kamfuata mlinzi wao." Neno hilo likapokelewa huku na huku. Mkono ukamshika bega, mwingine ukavuta nguo yake. Judica alisahau Kichina chote alichojifunza.

Peizhen ndiye aliyemwokoa. Alijitupa katikati, akapaza sauti kwamba huyu ni Mtanzania, ni mwanafunzi mwenzao, na kaka yake alikufa kwenye bomu la ubalozi. Watu wakalegea. Peizhen akamburuta mpaka kwenye daraja la kutokea kisiwani, ndipo akamwachia.

"Umeniaibisha mbele ya wenzangu."

"Yule kijana alikuwa anavuja damu."

"Watu wetu watatu wamekufa, Judica."

"Najua. Nilikuja kwa ajili yao."

"Basi ungebaki nao."

Judica alitaka kumweleza kwamba pale getini alimwona kaka yake amesimama, na kwamba wenye ubalozi hawakuwa hata dirishani. Lakini msiba wa Peizhen ulikuwa wa kweli kama wake. Peizhen alifunga upya kitambaa chake cheupe, akarudi kwenye umati.

Kuanzia hapo Peizhen alihamia meza nyingine maabara. Walipokutana walisalimiana, na salamu ikaishia palepale. Mara moja Judica alimsubiri mlangoni, akamwita kwa jina, akamweleza habari ya kaka yake na yule askari. Peizhen alisimama, akasikiliza yote bila kumkatiza, akasema, "Nimekuelewa," kisha akaenda zake.

Agosti ilipofika, ukoo ulikusanyika Usangi kwa ibada ya kumkumbuka Eliakimu. Judica aliongea na mama yake kwa simu. Mama alilia kidogo, akajikaza, akaulizia masomo, akaulizia chakula.

"Na yule binti wa Kichina aliyekuuguza, hajambo?"

"Hajambo, mama. Anakusalimu sana."

"Mwambie namwombea."

"Nitamwambia."

Judica alirudisha simu mahali pake, akabaki ndani ya kibanda cha simu ameinamisha kichwa, mpaka aliyekuwa akisubiri nje akagonga kioo.