Maumivu Yaliyopoa kwenye Cherehani

Kuruthumu Pazi, fundi cherehani wa Ujiji, alikuwa na kanuni moja: siku aliyomtajia mteja ndiyo siku nguo inatoka. Kwa miaka ishirini na mbili hakuivunja, si kwa mvua, si kwa msiba, wala kwa homa. Kanuni njema, ila aliishika hata pale ilipopaswa kungoja.

Mwaka huu kazi kubwa ilikuwa gauni la harusi la mdogo wake Hasna, aliyemlea tangu mama yao afariki. Kuruthumu alitaka mambo mawili: gauni liwe tayari, na yeye mwenyewe awepo Ijumaa kumtoa Hasna mlangoni.

Wiki kadhaa kabla alitokwa na jipu pajani. Badala ya kwenda zahanati, alilitumbua kwa sindano ya kushonea, akafuta kwa kipande cha kanga, akaendelea na kazi. Ulikuwa uzembe, na hauna jina lingine. Jipu lilipona, lakini yakaja maumivu ya kiuno upande wa kushoto, yakashuka hadi kinenani, pamoja na homa za jioni. Alimeza dawa za dukani. Ajabu ni kwamba akikaa kwenye cherehani, goti limekunjwa, maumivu yalipoa; akisimama, yalirudi.

"Nikishona napona," aliwaambia majirani, na aliamini hivyo.

Siku ya kujaribisha gauni alimzunguka Hasna akibana pindo kwa pini.

"Dada, huku refu, huku fupi."

"Simama wima, wewe!"

"Mimi nimesimama wima. Aliyepinda ni wewe. Hebu nyoosha huo mguu."

Kuruthumu alijaribu. Mguu uligoma, jasho likamtoka.

"Twende hospitali sasa hivi," Hasna alisema.

"Nikimaliza gauni."

"Basi siolewi."

"Utaolewa, tena na pindo lililonyooka. Nimesema Jumatatu, ni Jumatatu."

Jumatatu asubuhi alilimaliza, akalipiga pasi, akalitundika. Saa nne alikuwa anatetemeka kwa baridi juani. Hasna akampakia kwenye bajaji bila kumwomba ruhusa.

Hospitalini Dokta Catherine alimlaza ubavu, akauvuta mguu nyuma taratibu. Ukelele ulisikika hadi mapokezi. Wakampima damu, kisha ultrasaundi ikaonyesha usaha, karibu kikombe kizima, ndani ya msuli.

"Msuli huu unaanzia uti wa mgongo, unapita ndani ya tumbo hadi pajani. Ndio unaoinua goti," daktari alieleza. "Ukikaa unalegea, ndiyo maana ulipata nafuu. Ulikuwa na jipu karibuni?"

Kuruthumu akatazama ukuta.

"Alilitumbua kwa sindano ya kushonea," Hasna akamchongea.

"Huenda vijidudu vilipitia hapo, vikaingia kwenye damu. Wakati mwingine chanzo ni kifua kikuu cha uti wa mgongo, kwa hiyo tutaupima usaha. Leo tunautoa kwa sindano na kukuachia mrija wa kutolea utakaobaki, na dawa utapewa kwenye mshipa."

"Ijumaa nitakuwa nimetoka?"

"Ungekuja homa zilipoanza, ungekuwa umeshatoka. Ijumaa hii, hapana."

"Daktari, gauni nimelishona mimi!"

"Gauni litakwenda, mama. Wewe unabaki."

Majibu yalionyesha si kifua kikuu. Siku ya tatu homa ilikatika. Ijumaa, Hasna alipiga simu ya video, wanawake wa wodi wakajazana kitandani kwa Kuruthumu, na vigelegele vikapasuka.

"Hii ni wodi au ukumbi?" Muuguzi Frida alifoka mlangoni.

"Sista, bibi harusi anatoka!"

Frida akaja kufokea karibu zaidi. Akaliona gauni kwenye simu. "Nani kashona?"

"Huyu mwenye mrija!"

Frida akakisukuma kichwa chake katikati ya vichwa vingine, akapiga kigelegele kirefu kuliko vyote.

Kuruthumu alilazwa siku kumi na tisa, akameza vidonge wiki nne zaidi, na mguu ukanyooka. Lakini Ijumaa ile, Hasna alitoka mlangoni ameshikwa mkono na shangazi yao.