Mwalimu wa Kwaya Aliyeniibia Msiba

Wapo wasemao kwamba chuki huisha ukihama mji. Mimi nilihama Louisville nikaenda Columbus, na chuki yangu ikapanda gari pamoja nami, ikakaa kiti cha mbele. Namzungumzia mwalimu wa kwaya yetu, mtu wa Kivu kama mimi, mpole wa maneno yaliyochanganyika na Kifaransa, mwenye suti ya rangi ya maziwa. Nilimchukia kwa moyo wangu wote, wala sioni haya kulisema.

Chanzo ni hiki. Mama yangu alifariki kwenye kambi ya wakimbizi kabla karatasi zake za safari ya Marekani hazijakamilika, nami nikiwa Louisville napanga maboksi ghalani. Sikumwosha, sikumlilia kaburini, sikumtupia hata konzi ya udongo. Nilichoweza ni kutunga wimbo. Niliutunga kazini, nikiuguna chini ya kelele za mashine, sauti zote nne, kwa nota za do-re-mi nilizofundishwa na marehemu baba huko milimani. Ulikuwa na ubeti mmoja uliotaja mikono ya mama ikitwanga sombe, yale majani ya muhogo, na kikohozi chake cha alfajiri. Wimbo huo ndio uliokuwa mazishi yangu.

Niliifundisha kwaya jikoni kwangu. Mwalimu akausifu, akaomba aunyooshe kidogo. Baada ya muda ikatoka DVD: kwaya imevaa vitenge, imesimama kando ya mto Ohio, na chini ya picha maandishi makubwa yanasema mtunzi ni yeye. Nilisikiliza mpaka pale ubeti wa mama ulipopaswa kuwa. Sombe haikuwapo. Kikohozi hakikuwapo. Palikuwa na Sayuni. Nikazima, na sikuigusa tena ile DVD.

Jumapili nikamngoja nje ya kanisa. "Mwalimu, ile wimbo ni yangu. Ni ya mama yangu."

Akaniwekea mkono begani. "Bon, dada, wimbo ni ya Mungu. Sisi wote tuko vyombo tu."

Waliokuwa karibu wakaitikia amina. Umeibiwa mchana kweupe, na mashahidi wanasema amina!

Columbus tulikwenda kwa sababu mume wangu alipata kazi huko. Tukapanga nyumba Whitehall, pembeni ya mji, nami nikapata kazi ya kumtunza mzee mmoja Mmarekani aliyeishi karibu na chuo kikuu. Alikuwa amefundisha muziki maisha yake yote. Miguu ilikuwa imegoma na mikono inatetemeka, lakini ulimi ulikuwa mzima kabisa. Nilipomlisha uji asubuhi alitaka santuri zipigwe, na juu ya muziki akanisimulia habari za watunzi wa Ulaya wa zamani. Hakunisimulia walivyopenda wala walivyosali. Alinisimulia walivyochukiana. Huyu alimtia mpinzani wake ndani ya muziki ili achekwe. Yule, aliyekuja kuwa kiziwi, alilifuta jina la mtawala kwenye kazi yake kwa hasira mpaka karatasi ikatoboka. Nilimpenda sana yule mzee. Tungeweza kuwa wa tumbo moja.

Visa viwili viliniingia, vyote vya Mwaustria mmoja aliyekufa angali kijana. Cha kwanza kilihusu mwimbaji wa kike aliyemchukiza. Mama huyo alikuwa na tabia ya kuinua kidevu kila alipoimba sauti ya juu na kukishusha kifuani kila aliposhuka chini. Basi mtunzi akamwandikia wimbo wa kurukaruka, juu, chini, juu, chini, ili kichwa chake kidonoe jukwaani kama kuku kwenye mtama. Mzee alinionyesha kwa kichwa chake mwenyewe, uji ukamwagika.

Cha pili hakikunichekesha. Bwana mmoja mwenye mali alifiwa na mkewe. Akamtuma mtu kwa siri amwagize yule Mwaustria misa ya wafu, ili yeye ainakili kwa mkono wake na kusema ameitunga yeye. Mtunzi akafa hajaimaliza. Mwanafunzi wake akaimalizia, na bwana akaisimamia ikapigwa kama mali yake.

Kijiko kilisimama hewani. "Walimfanya nini huyo bwana?"

"Hawakumfanya kitu. Lakini leo anakumbukwa kwa wizi tu."

"Na yule mwanafunzi?"

"Watu wanalia kwenye sehemu zake wakidhani ni za mkubwa wake. Uji unapoa, binti."

Mimi nilishika habari ya kuku na ya bwana. Ya mwanafunzi sikuitia maanani.

Basi siku moja simu ikalia kutoka Louisville, sauti ya mwalimu, tamu kama asali. Makwaya yetu yangekutana Buffalo, na kila kwaya ilitakiwa kuleta wimbo mpya. "Dada, uko na kipaji. Tutungie moja, donc ya furaha. Nitaiongoza mwenyewe."

Nilikubali upesi mno, nikakata simu, nikacheka peke yangu jikoni. Dawa ya moto ni moto. Na nisisahau kusema: mwalimu wetu naye alikuwa na kidevu cha yule mama mwimbaji. Kila anayemjua anakijua. Nikamtungia wimbo wa kupanda mlima na kutumbukia bondeni kila mstari. Mzee akinisikia nikiujaribu aligonga kiti chake, akasema, "Mshushe zaidi! Mshushe!" Nikamshusha zaidi, nikauimba kwenye simu, nikautuma Louisville.

Mkutano ulifanyika kanisani kule Lackawanna, kando ya Buffalo, na upepo wa ziwa ulitukata masikio tangu mlangoni. Nilikaa safu ya mbele. Mwalimu akatoka na suti yake ya maziwa, akaanza. Juu, chini, juu, chini. Alidonoa! Mtoto mmoja nyuma yangu akacheka, nami nikajishika tumbo nikingoja ukumbi mzima upasuke.

Nilikuwa nimesahau jambo ambalo kila aliyekulia kwenye makwaya yetu analijua: kiongozi akifanya kitu mbele, kwaya inafanya. Safu ya kwanza ikadonoa. Ya pili ikadonoa. Kufikia kiitikio cha tatu kina mama wenye watoto mgongoni walikuwa wanadonoa, wazee wanadonoa, mchungaji mwenyeji anadonoa na vigelegele vinapaa. Kisasi changu kikachezwa na kanisa zima kama sikukuu. Nilitamani kulia kwa hasira.

Mwalimu, akitiririka jasho na furaha, akainua mkono. "Mtunzi wa hii wimbo ni ule dada pale, ametoka Columbus. Mama, simama!"

Nikasukumwa mbele, nikatiwa kipaza sauti mkononi. Hapo roho iliniuma kuliko siku ya DVD. Alinirudishia kuku, akabaki na mama yangu.

"Asante," nikasema. "Hii nilitunga mimi. Na kuko ingine nilitunga kabla ya hii. Mwalimu anaijua. Nitaimba vile ilikuwa."

Nikaanza na sombe. Nikaimba kikohozi. Wimbo wenyewe walikuwa wanaujua wote kwa ile DVD, maneno yale hawakuwahi kuyasikia, na nilisikia mzee mmoja mbele akimwambia mwenzake, "Kumbe ni ya huyu mama." Nilimtazama mwalimu. Nilimtazama vizuri, nikashiba. Uso ulimshuka mpaka nikaona utosi wake, na safari hii hakuna aliyemuiga.

Kwenye kiitikio makwaya yote yakaingia. Kwangu mimi wimbo ule uliishia hapo, sauti nne zikitua pamoja. Haukuisha. Sisi wanawake tulinyamaza, wanaume wa besi wakabaki peke yao, wakishuka pole pole, neno moja tu, pumzika, pumzika, kama watu wanaoshusha jeneza kwa kamba na hawataki ligonge. Mwisho huo sikuutunga mimi. Aliutunga yeye, ulikuwa kwenye ile DVD niliyoizima katikati. Na hapo ndipo nilipomlilia mama yangu kwa mara ya kwanza, mbele za watu. Alizikwa hapo, kwa mkono wa mwizi. Kwa wizi nilikuwa tayari kumsamehe siku moja. Kwa ule mwisho, bado.

Wakati wa chakula alinifuata na sahani ya wali mkononi, macho mekundu.

"Dada, nitabadilisha jina kwa DVD. Nitaweka yako."

"Weka."

Hakuondoka. Alikuwa anageuza kijiko. "Bon... lakini ule mwisho, ya besi. Ile nilifanya mie. Tutaandika ni ya nani?"

Jibu la haki nilikuwa nalo, nililishwa na mzee pamoja na uji, katika habari ya yule mwanafunzi. Nikamwekea mkono begani.

"Mwalimu," nikamwambia, "wimbo ni ya Mungu."

Meza ya nyuma mtu mmoja akaitikia amina.