Shimo Ubavuni mwa Kichuguu

Juzi, kwenye barabara ya Kasapa, niliona kichuguu cha mchwa kilichokwanguliwa ubavuni kwa kucha. Alama zilikuwa bado mbichi. Nilisimama pale mpaka jua likanichoma.

Nilipokuwa mtoto, mji huu ukiitwa bado Élisabethville, nyuma ya nyumba yetu kulikuwa na kichuguu kirefu kuliko paa. Mama alipokuwa mjamzito alikwenda pale kila alasiri, akakwangua udongo mwekundu, akaula taratibu. Ulinukia kama mvua ya kwanza. Nilimwuliza kwa nini anakula udongo.

"Ni mutoto wa mu tumbo anaombaka," alisema akicheka.

Basi nikaelewa kwamba mtoto alikuwa anajengwa kwa udongo ule.

Alasiri moja baba alirudi peke yake kutoka hospitali, amebana kwapani kikwembe ambacho mama alijifunga asubuhi walipoondoka pamoja.

"Baba, mama iko wapi?"

"Alibakia kule," alisema, akaingia ndani, akafunga mlango.

Nikadhani udongo umewaishia kabla mtoto hajakamilika. Nilikwangua mpaka kucha zikatoka damu, nikajaza bakuli, nikaliweka mlangoni, nikangoja. King'ora cha kiwanda kililia, wanaume wakapita wakitoka kazini. Hakuna aliyekuja kuuchukua udongo ule ampelekee mama.

Leo ninajua kwamba mama hakufa kwa kukosa udongo. Ninafinyanga sanamu, na kila moja, kabla haijakauka, naichimbia shimo ubavuni kwa kucha, pale mkono wa mama ulipokuwa ukifika kwenye kichuguu. Wanaokuja kuzitazama husema nimefundishwa na mvua na upepo wa Katanga.

Mimi huitikia tu.