Akina Mama Walifika Kabla ya Msiba

Mume wangu alichagua kufa Alhamisi mchana. Kanada inaruhusu. Aliyenieleza ni mjukuu wangu, anasomea uanasheria, na nasema bila aibu kwamba ukoo wetu haujawahi kuona kichwa kama kile. Zamani daktari akimsaidia mgonjwa kufa alifungwa. Watu wakashtaki, kesi ikapanda hadi mahakama ya juu kabisa, majaji wakasema mtu mzima anayeteseka bila kupona ana haki ya kuchagua. Bunge likatunga sheria.

"Hao majaji wanaijua nyumba yangu?"

"Hawaijui, bibi. Ndiyo maana wamemwachia babu aamue."

Sikuhisi kitu. Nilikuwa kama ufizi uliopigwa sindano ya ganzi. Nilichong'ang'ania ni kimoja: daktari lazima amuulize tena mwishoni, na akisema hapana, anafunga mkoba anaondoka.

Mchungaji alikataa kuja. Akina mama wa kanisani wakaja, tena asubuhi, na masufuria ya maharage na viti vya kukunja, kama tunavyofanya kwenye msiba. Waliingia wamejifunga kanga, tayari kulia, wakamkuta marehemu kwenye sofa anatazama mpira.

"Karibuni," akasema. "Mnisamehe, nimechelewa kidogo."

Mmoja alicheka mpaka akakaa chini. Wengine hawakujua waangalie wapi.

Kansa ya mifupa ilikuwa imemwondolea hamu ya chakula, lakini siku hiyo aliomba apakuliwe. Akala vijiko viwili. Nikasema moyoni, anayekula hafi leo.

"Chumvi imezidi, mama watoto."

"Kesho nitapika mwenyewe."

Akanirudishia sahani.

Daktari alikuja, mwanamke mdogo kuliko binti yangu, akavua viatu mlangoni. Chumbani, alipomuuliza mume wangu kama bado anataka, nikadakia mimi, kama nilivyozoea kumjibia benki na hospitali: "Leo amekula! Rudi wiki ijayo."

"Samahani, mama," mjukuu akanitafsiria maneno ya daktari. "Lazima aseme mwenyewe."

Mume wangu akanishika mkono. "Mama watoto, nimechoka." Kisha akamgeukia daktari. "Ndiyo. Nataka."

Daktari alipomchoma sindano, nilimshika mguu. Ulikuwa wa moto, baadaye haukuwa. Sebuleni wakaanza kulia. Mimi sikulia. Daktari aliponiuliza kama nina swali lolote, nilimuuliza ameegesha gari wapi, maana hapa mtaani kwetu Mount Dennis hawachelewi kubandika faini.