Ufunguo wa Kabati la Chuma

Saa mbili asubuhi Yoshimitsu Tanabe alikuwa amepiga magoti jikoni, mkono umezama hadi kwenye kwapa ndani ya pipa la mchele. Mzee wa miaka sabini na minane, jamani! Afisa wa polisi alikuwa anakuja saa nane mchana kulikagua kabati la bunduki kabla ya leseni kuongezwa miaka mitatu mingine, na ufunguo wa kabati hilo haukuonekana. Aliuficha mwenyewe, kwa mkono wake mwenyewe. Alikouficha ndiko hakukumbuki.

"Baba Chikage, unatafuta nini humo?" Sumie, mkewe, alisimama mlangoni na kitambaa cha kufutia vumbi.

"Wadudu."

"Wadudu na baridi hii ya Machi?"

"Wapo wanaowahi."

Sumie alimtazama kidogo, akaenda zake kubadilisha maji na wali kwenye madhabahu ya wazee waliotangulia, kama alivyofanya kila asubuhi tangu aolewe. Tanabe akajifuta unga wa mchele. 

Angemuuliza mkewe? Thubutu! Huku kwetu bunduki si kitu cha kujivunia, ni mzigo wa karatasi. Ufunguo wa kabati ni wa mwenye leseni peke yake. Mke haruhusiwi kujua uliko, wala mtoto, wala mgeni. Bonde la pili kulikuwa na mwindaji mmoja, mtu mzuri kabisa. Afisa alipokwenda kukagua, mke wake akacheka, akasema, "Ah, ufunguo si uko kwenye droo ya soksi!" Chai haijapoa, bunduki ikawa imeshaondoka. Tangu siku hiyo wake wote wa wawindaji wakajifunza kuwa wajinga, na Sumie akawa mjinga kuliko wote.

Tanabe alipata leseni akiwa na miaka thelathini na mitatu, wakati akiwa bado posta, akipanda milima na barua mgongoni. Alikaa darasani, akafanya mtihani, akapeleka hati ya daktari kwamba hana wazimu. Polisi wakamuuliza bosi wake kama analewa, wakawauliza majirani kama anagombana. Yote hayo kwa ajili ya bunduki moja ya mitutu miwili, risasi zake zikae kwenye sanduku jingine, chumba kingine, na kila moja iliyolia iandikwe. Miaka arobaini na mitano hakuwahi kukosea mstari hata mmoja. Na kila baada ya ukaguzi alibadilisha maficho: mara nyuma ya saa ya ukutani, mara kwenye kopo la chai, mara ndani ya viatu vya mvua vya marehemu baba yake.

Sasa alikwishapitia kote huko. Akalirudia koti la kuwindia, lile la rangi ya machungwa, kwa mara ya tatu. Akageuza mifuko yote nje, akakuta punje za udongo na ganda la pipi.

Hofu yake haikuwa ya ufunguo tu. Vuli iliyopita, kwa kuwa amepita sabini na mitano, walimpa jaribio la kumbukumbu: unaonyeshwa picha kumi na sita, kisha unazitaja. Alipita kwa tabu, na ile picha ya ngoma hadi leo anaapa hawakumwonyesha. Halafu kuna lile la Februari, siku ya mwisho ya msimu, ambalo hakumwambia mtu. Alirudi nyumbani, akafungua bunduki aisafishe, akakuta risasi moja imo ndani. Alikuwa ameshuka nayo mlima mzima, akampita Sumie uani. Akakaa chini sakafuni. Akalifunga kabati, akasema moyoni ufunguo huu nauweka mahali ambapo mkono wangu hautafika kirahisi. Basi, hapo ndipo kumbukumbu ilipokatika.

Saa nne jirani yao Nobuko akaingia na figili za chumvi kwenye bakuli. Ni mjane, analima majaruba mawili ya mpunga chini ya msitu.

"Polisi wako alikuja kwangu wiki iliyopita," alisema, akijikaribisha kwenye meza yenye moto chini na blanketi. "Kaniuliza kama unampiga mkeo."

"Ukasemaje?"

"Nikamwambia Sumie ndiye anayekupiga wewe." Akacheka mpaka akakohoa. Kisha akaacha kucheka. "Kaniuliza pia kama unasahausahau. Nikamwambia huyo anakumbuka hadi deni la mayai la marehemu mume wangu. Nimesema vizuri?"

"Umesema vizuri."

"Maana wakikunyang'anya wewe, Tanabe, kijiji hiki hakina mwindaji mwingine. Nitakuwa nalima chakula cha nguruwe mwitu, nife nikivuna matope."

Tanabe akatafuna figili bila kusikia ladha yake. Sumie alikuwa anamimina chai, macho kwenye birika.

Ikagonga saa sita, kisha saa saba. Akainua mikeka ya chumba cha nyuma, akapekua sanduku la nguo za Chikage, binti yao aliye Hiroshima.  Atamwambia nini afisa, kwamba bunduki imo lakini haifikiki? Au ufunguo umeanguka mtoni? Watauliza mto gani, siku gani, saa ngapi. Na wangekuwa na haki ya kuuliza.

"Baba Chikage!" Sumie aliita kutoka uani. "Koti lako nimelianika, lilikuwa linanuka. Litoe basi, wingu linakuja."

Alitoka akinung'unika, akalivuta kwenye kamba, mkono ukaingia mfukoni wenyewe. Ufunguo ulikuwamo.

Lo! Nusura apige kelele. Aliubana kiganjani, akafumba macho, akashukuru kila anayeshukuriwa. Imebaki nusu saa. Alipofungua kiganja ndipo akaona vidole vina kitu cheupe, laini. Akanusa. Ubani.

Akakumbuka yote kwa mpigo. Ile siku ya Februari alipiga magoti mbele ya picha ya mama yake kwenye madhabahu, akauzika ufunguo ndani ya jivu la chetezo. Na jivu hilo hulichekecha nani kila mwezi? Saa ya ukutani huifuta nani? Kopo la chai hulifungua nani? Miaka arobaini na mitano anacheza kujificha na mwanamke anayeshika kila kitu cha nyumba hii. Kumbe siku zote alikuwa anajua, amenyamaza tu, na leo amemtazama akihangaika tangu asubuhi mpaka akashindwa kuvumilia. Tanabe aliona aibu, kisha akaona uchungu kuliko aibu.

Afisa Adachi alifika saa nane kamili, kijana mwenye adabu, akavua viatu akavipanga. Kabati likafunguliwa. Akasoma namba ya bunduki, akautikisa mnyororo unaoishikilia humo, akahesabu risasi kwenye sanduku la chumba kingine. Kila kitu kikalingana.

"Safi kama kawaida, Mzee Tanabe. Limebaki swali moja tu, la desturi." Kalamu yake ilikwishafika kwenye karatasi. "Ufunguo unapowekwa, anapajua nani?"

Sumie alikuwa anaingia na sinia ya chai. Tanabe alimtazama. Jibu alikuwa nalo, lile lile la miaka yote, maneno matatu: mimi peke yangu. Angelisema tu, kijana angeondoka, mpunga wa Nobuko ungepona. Akaikumbuka ile risasi, na Sumie uani ameshika ndoo.

"Mke wangu anapajua," alisema. "Mimi ndiye sipajui."

Kalamu ikasimama. "Mzee, labda hukulielewa swali."

"Nimelielewa, mwanangu. Ichukue bunduki. Na mke wangu usimwandike vibaya, alikuwa anafagia tu."

Sinia ikatua mezani. "Baba Chikage," Sumie alisema kwa sauti ndogo, "ulikuwa umeshaupata. Si ulikuwa umeshaupata?"

 Adachi aliandika muda mrefu, akaomba sahihi mara nne, akaifunga bunduki kwenye mfuko wake na kuibeba hadi kwenye gari akiinama kwa heshima kila hatua mbili. Walisimama wawili uani mpaka gari likapotea kwenye kona. Manyunyu yakaanza.

Tanabe alirudi ndani, akalifunga kabati tupu kwa mazoea, akalijaribu mara mbili kama sheria inavyotaka. Kisha akauweka ufunguo kwenye kiganja cha mkewe.

"Uweke wewe, Mama Chikage," alisema. "Nikikuuliza uko wapi, niambie."