Viatu vya Ovide Juu ya Msonobari

Waliomjua Onésime Gauvreau akiwa mbunge wa jimbo, kule mjini Quebec, humkumbuka kwa koti lake zuri na sauti yake nzito. Mimi niliyempikia maharage kambini, enzi zile za biashara yake ya mbao, namkumbuka kwa swali moja. Ukitoka kwetu kwenda kumwona, hakuulizia kura. Aliuliza, "Viatu bado vipo?"

Vilikuwa viatu vya Ovide, mdogo wake. Theluji ilipoyeyuka mwaka mmoja na magogo yakishushwa mtoni, Ovide aliteleza pale kwenye maporomoko, magogo yakamfunika. Mwili haukuonekana. Wenzake wakatundika viatu vyake vya akiba kwenye msonobari wa ukingoni, kama tunavyowafanyia wote wanaochukuliwa na mto. Havitunguliwi, huachwa vianguke vyenyewe. Kaburi jingine Ovide hakuwa nalo.

Basi likaja suala la bwawa. Watu wetu walitaka umeme, na Onésime akalipigia kura ya ndiyo, akijua maji yatafunika ule msonobari. Kabla bwawa halijafungwa, alikuja. Tukamkuta ukingoni na shoka.

"Kaka, usithubutu," alisema dada yake, Délima. "Viatu vya mtu wa mto havitunguliwi!"

"Sivitungui, Délima. Naangusha mti."

Mzee Hormisdas, aliyeshusha magogo naye ujanani, akacheka. "Mheshimiwa, kwa viatu hivyo vya bungeni utateleza, halafu tutundike nini? Tai yako ya shingoni?"

Alikata mwenyewe, akihema, mpaka ukaanguka, kilele majini. Kwenye kitako akagonga chapa ya biashara yake, ili watu wa kiwanda cha mbao kule chini walitambue gogo lake, wasilipasue. Tukalisukuma. Viatu vikaning'inia tawini mpaka kwenye kona, vikapotea.

Kiwandani halikufika. Bwawa likajaa, taa zikawaka, hata jikoni kwangu. Onésime akahamishia kiti chake dirishani, nyumbani kwake kule Quebec, juu ya ule mto mkubwa unaopokea mito yetu yote.

"Kama limekipita kiwanda," aliniambia nilipomtembelea, "lazima lipite hapa." Akaegemea kioo. "Mpishi, macho yako bado mazima. Kile cheusi pale si gogo?"

Ilikuwa mashua. Nikavuta kiti, nikamwambia tungoje lisogee.